Mbwa Anayetokwa Damu: Saratani Inayoambukiza na Namna ya Kuitibu

(MUZIKI WA KUFUNGUA. UNASHUKA TARATIBU.)

MTANGAZAJI: Leo tunazungumza juu ya mbwa. Kuna swali limeturudia mara nyingi. Mtu anauliza: mbwa wangu anatokwa damu sehemu za siri. Je, ni UKIMWI wa mbwa? Je, watoto wangu wataupata? Je, nimuue? Wa kutujibu ni daktari wa mifugo ambaye kazi yake ni kuzunguka katika makazi ya wakimbizi. Tumsikilize kwa makini, na vikundi vya wasikilizaji mshike kalamu, maana mwishoni kuna maswali.

(MUZIKI UNAZIMA.)

DAKTARI WA MIFUGO: Asante ndugu mtangazaji. Wasikilizaji wangu, salamu nyingi.

Nitaanza na mbwa mmoja. Jina lake Askari. Mwenye mbwa ni mama mmoja mjane, ana watoto wanne na mbuzi wachache. Askari alipewa akiwa mdogo, anabebwa kwenye kikapu. Alipokua, akawa mlinzi. Usiku mmoja wezi walikuja kwenye banda la mbuzi. Askari alibweka mpaka mtaa mzima ukaamka, wezi wakakimbia na kuacha kamba yao pale pale. Tangu siku hiyo hata majirani waliokuwa hawapendi mbwa walianza kumtupia ukoko wa ugali.

Baada ya miezi kadhaa, asubuhi moja yule mama aliona matone ya damu kwenye mkeka, mahali Askari alipolala. Akadhani ameumwa na mbwa mwenzake. Akamwosha kwa maji ya chumvi. Kesho yake damu ikawepo tena. Wiki ikapita, mwezi ukapita, damu bado inadondoka. Mbwa akawa anajilamba kutwa. Nzi wakaanza kumfuata, na harufu ikawa mbaya.

Sasa maneno yakaanza. Mmoja akasema, "Huyo ana UKIMWI." Mwingine akasema, "Ni kichaa kinaanza, atatuumia watoto." Mwingine akasema mtu ametupiwa kitu, na mbwa ndiye aliyekipokea. Vijana wakasema watampiga mawe siku ya soko. Kiongozi wa mtaa alikuja kwa yule mama, akasema kwa upole, "Mama, watu wanaogopa. Nakupa mpaka Jumapili. Ukishindwa, tutamwondoa sisi."

Kijana wa yule mama, ana miaka kumi na moja, alimfunga Askari nyuma ya nyumba, akatandika gunia, akalala naye huko. Siku ya Ijumaa wakaniletea. Mtoto hakunisalimu hata. Aliniuliza tu, "Dokta, atakufa?" Mama naye akasema, "Dokta, niambie ukweli kama unavyomwambia mtu mzima. Nina watoto ndani ya nyumba."

Nilivaa glovu, tukamfunga mbwa mdomo kwa kitambaa ili asiume, nikamtazama. Nilichokiona nimekiona kwa mbwa wengi. Wasikilizaji, ule haukuwa UKIMWI. Haukuwa kichaa. Haukuwa uchawi. Ilikuwa saratani, ambayo wengi wetu tunaiita kansa. Tena ni ile aina ya saratani ya mbwa ambayo ina dawa.

(MUZIKI MFUPI.)

Sasa tuelewane vizuri. Saratani ni nini?

Mwili wa mtu na mwili wa mnyama umejengwa kwa chembe ndogo sana ambazo hazionekani kwa macho. Wataalamu wanaziita seli. Seli huzaliwa, hufanya kazi yake, hufa, na nyingine huchukua nafasi. Saratani inaanza pale seli zinapokataa utaratibu huo. Zinaongezeka bila kusimama, zinajenga uvimbe, zinakula chakula cha mwili.

Kwa kawaida saratani haiambukizi. Mtu mwenye saratani ya titi au ya kizazi hawezi kumwambukiza saratani hiyo anayemuuguza. Hilo nataka tulishike, kwa sababu wako wagonjwa wanaotengwa bure.

Lakini saratani hii ya mbwa ni tofauti. Ni moja ya saratani chache sana duniani zinazohama kutoka mnyama mmoja kwenda kwa mwingine. Kinachohama siyo mdudu wala virusi. Ni seli zenyewe za saratani, zikiwa hai. Mbwa mgonjwa anapopandana na mbwa mzima, seli zinang'oka kwenye uvimbe na kushika kwenye ngozi laini ya yule mzima, kama mche unaong'olewa shamba moja na kupandwa shamba lingine. Zinaweza pia kuhama mbwa anapomlamba au kumnusa mwenzake pale penye uvimbe. Ndiyo maana wakati mwingine uvimbe unatokea puani au mdomoni.

Jambo hili halikugunduliwa jana. Mwaka 1876 daktari mmoja wa wanyama wa Urusi, jina lake Novinsky, alichukua kipande cha uvimbe wa mbwa mmoja akakipandikiza kwa mwingine, na kikaota. Mwaka 2006 watafiti walilinganisha uvimbe wa mbwa kutoka mabara mbalimbali. Wakakuta kwamba uvimbe wote ni wa ukoo mmoja. Maana yake saratani hii ilianza kwa mbwa mmoja tu, maelfu ya miaka iliyopita. Mbwa huyo alikufa zamani, lakini seli zake za saratani zimeendelea kuhama kutoka mbwa hadi mbwa mpaka zikamfikia Askari.

Sasa lile swali la yule mama. Je, watoto wake wataupata? Jibu ni hapana. Saratani hii ni ya mbwa. Haimpati mtu, haimpati mbuzi, haimpati kuku. Lakini usiguse uvimbe wala damu kwa mikono mitupu, kwa sababu mbwa anaweza kuwa na magonjwa mengine, na mbwa mwenye maumivu huuma hata mwenye nyumba. Osha mikono kwa sabuni kila unapomshika.

(MUZIKI MFUPI.)

Tuje kwenye dalili. Utaijuaje saratani hii?

Ya kwanza ni damu. Inadondoka kidogo kidogo, siku baada ya siku, kutoka kwenye uume wa dume au uke wa jike. Watu wengi wanadhani ni mkojo wenye damu. Mtazame vizuri: damu inadondoka hata wakati mbwa hakojoi.

Ya pili ni uvimbe wenyewe. Mwanzoni ni kipele kidogo. Baadaye unakuwa na vinundu vinundu, mwekundu kama undu wa jogoo, laini, ukiguswa tu unatoa damu na vipande vinakatika. Kwa dume mara nyingi umejificha nyuma, kwenye shina la uume, ndani ya ngozi. Usijaribu kuuvuta nje mwenyewe. Mwachie mtaalamu.

Ya tatu, mbwa anajilamba sana pale pale. Ya nne, harufu mbaya na nzi. Ya tano, ikiwa uvimbe uko puani, mbwa anapiga chafya, damu inatoka tundu moja la pua, na uso unaweza kuvimba upande mmoja.

Tena uvimbe hauonekani siku ile ile ya kupandana. Mara nyingi inachukua miezi miwili hadi sita. Kwa hiyo usiseme, "Mbwa wangu hajatoka mwezi huu, ameupata wapi?"

Hapa kuna jambo linalowachanganya wengi. Mbwa jike aliyekomaa hutoka damu akiwa kwenye joto, yaani wakati wake wa kutaka dume. Hiyo siyo ugonjwa. Kwa kawaida inatokea kama mara mbili kwa mwaka, na yote huisha ndani ya wiki tatu hivi. Damu inayopita mwezi, au inayotoka pamoja na uvimbe na harufu, hiyo ipeleke kwa mtaalamu.

Na vipi kuhusu kichaa cha mbwa? Ni ugonjwa mwingine kabisa. Mbwa mwenye saratani hii anakujua, anakula, anakuja ukimwita. Mbwa mwenye kichaa anabadilika tabia. Aliyekuwa mkali anaweza kupoa, aliyekuwa mpole anauma bila sababu. Mate yanatiririka, hawezi kumeza, sauti yake inabadilika, miguu inalegea. Mbwa wa namna hiyo usimkaribie. Toa taarifa mara moja. Na mtu akiumwa na mbwa yeyote, aoshe jeraha kwa sabuni na maji yanayotiririka kwa dakika 15, kisha aende kituo cha afya siku hiyo hiyo kwa ajili ya chanjo. Usingoje kuona mbwa atafanya nini. Kichaa kikishaanza kuonyesha dalili kwa mtu, karibu kila mara kinaua.

(MUZIKI MFUPI.)

Kabla ya dawa, niseme mambo ambayo hatupaswi kuyafanya. Nayasema kwa sababu nimeyaona.

Usikate uvimbe kwa wembe. Mbwa atatokwa damu nyingi, anaweza kufa mikononi mwako, na uvimbe utaota tena. Hata mimi, nilipokuwa mgeni katika kazi hii, nilimpasua mbwa mmoja nikaondoa uvimbe kwa kisu cha hospitali, nikamshona vizuri, nikajisifu. Sikuwa na dawa ya kumchoma baadaye. Miezi michache ikapita, mwenyewe akanirudishia, uvimbe umekuwa mkubwa kuliko wa kwanza. Kisu peke yake mara nyingi hakitoshi, kwa sababu seli zinazobaki hazionekani.

Usimwagie petroli, maji ya betri, majivu ya moto wala dawa ya kupe. Unamtesa mnyama, na uvimbe unabaki.

Usimpe sumu. Sumu ya panya iliyotegwa kwenye ugali au nyama haichagui. Itaokotwa na kuku, na mbwa wa jirani, na mtoto anayetambaa. Watoto katika makazi yetu wanacheza chini, na wanaokota.

Na usimfukuze aende mbali. Mbwa uliyemfukuza hafi leo. Anazunguka soko na machinjio, anapandana, na kila anapopita anaacha ugonjwa. Baadaye ugonjwa huo unarudi mtaani kwako kwa mbwa mwingine.

(MUZIKI MFUPI.)

Sasa tiba.

Dawa inayotumika zaidi inaitwa vinkristini. Ni maji ya sindano. Daktari anaipima kwa ukubwa wa mwili wa mbwa, na kuichoma ndani ya mshipa wa damu mara moja kwa wiki. Mbwa wengi wanapona kwa sindano nne hadi sita. Wachache wanahitaji nane. Kwa saratani nyingi hatuwezi kusema neno "kupona" kwa urahisi, lakini kwa hii tunaweza. Mbwa aliyewahi kutibiwa na akamaliza dozi, mara nyingi anapona kabisa.

Dawa hii chanzo chake ni mmea ambao huenda uko mbele ya nyumba yako. Ni lile ua dogo la rangi ya waridi au jeupe, lenye petali tano na majani ya kijani yanayong'aa, linalopandwa uani na makaburini. Asili yake ni Madagaska. Lakini nakuomba sana: usichume majani yake ukachemsha, wala kwa mbwa wala kwa mtu. Mmea huo mbichi ni sumu. Dawa imetolewa kiwandani kwa kipimo kidogo sana, na kipimo kikizidi kinaua.

Dawa hiyo hiyo hutumika pia kwa watoto wa binadamu wenye aina fulani za saratani. Huko Uganda, mwaka 1958, daktari mpasuaji Denis Burkitt aliandika juu ya watoto waliokuwa wakivimba taya. Leo saratani hiyo ina jina lake, na vinkristini ni moja ya dawa zinazoitibu. Kwa hiyo, mzazi unayenisikia, ukiona taya au tumbo la mtoto linavimba haraka, au meno yanalegea bila sababu, usingoje. Mpeleke kituo cha afya kesho asubuhi. Nimekuja kusema juu ya mbwa, lakini hilo nisingeweza kuliacha.

Turudi kwa sindano. Dawa hii ni kali. Ikivuja nje ya mshipa inaunguza nyama. Kwa hiyo asikudanganye mtu kwamba atakuchomea sindano hiyo sokoni, kwenye msuli wa paja. Muulize: umesomea wapi? Utachoma wapi? Ni wa kuchoma kwenye mshipa tu, na ni mtaalamu wa mifugo anayetambuliwa.

Baada ya sindano mbwa anaweza kukosa hamu ya kula, kutapika, au kupata choo kigumu. Nguvu ya mwili wake ya kupigana na magonjwa hushuka kwa siku kadhaa. Mpe maji safi, uji, chakula laini. Akipata homa au akilala bila kuamka, mrudishe kwa daktari. Kwa siku tatu au nne baada ya kila sindano, mkojo na kinyesi chake kina mabaki ya dawa. Mfunge mahali pamoja, mbali na jiko na maji ya kunywa. Fukia kinyesi kwa jembe. Mama mjamzito, anayenyonyesha, na watoto wadogo wasishughulike na usafi huo.

Na lililo kubwa: usiache katikati.

(MUZIKI MFUPI.)

Sasa nimalize habari ya Askari.

Siku ile ya Ijumaa nilimweleza yule mama mambo yote haya. Akanyamaza kidogo. Akauliza bei. Nikamwambia. Akanyamaza tena. Halafu akasema, "Nina mwana-mbuzi mmoja nilikuwa nimemweka kwa ajili ya sare za shule." Mtoto akamtazama mama yake, hakusema neno.

Sikumshawishi. Kuuza mbuzi wa sare za shule kwa ajili ya mbwa siyo jambo dogo, na hakuna daktari anayepaswa kumwamulia mtu. Nilimwambia tu kwamba kuna njia mbili za heshima: kumtibu, au mimi kumchoma sindano ya kumlaza asiamke, bila maumivu. Njia ya mawe siyo moja ya hizo. Akajibu, "Mbuzi walio hai wamebaki kwa sababu yake. Mtibu."

Nilikwenda mwenyewe kwa kiongozi wa mtaa. Nilimweleza kuwa siyo kichaa, na mbwa atafungwa mpaka apone. Akakubali, akawaita wale vijana, akawaeleza mbele yangu.

Sindano ya kwanza, halafu ya pili. Damu ikapungua, nzi wakaondoka. Wiki ya tatu hawakuja. Nikawafuata. Mama akanikaribisha kiti, akasema, "Dokta, amepona. Na hela imeisha." Nilimpima Askari. Uvimbe uliokuwa kama ngumi ya mtoto ulikuwa umebaki kama punje ya haragwe. Nikamwambia, "Mama, ukiacha punje moja shambani, msimu ujao unavuna nini?" Akacheka kwa uchovu. Alinielewa, lakini kuelewa hakuleti pesa.

Kiongozi wa mtaa alikuwa anapita, akasikia. Jioni ile akazunguka nyumba tano za mstari ule. Aliwaambia neno moja tu: "Huyu mbwa akibweka, habwekei mbuzi wa mama huyu peke yake." Wakachanga sarafu sarafu. Zilitosha sindano tatu. Baada ya sindano ya tano sikuona uvimbe tena. Alipopata nguvu nikamhasi, na nikamchanja kichaa cha mbwa.

Lakini sitaki mwondoke mkidhani kila habari inaisha hivyo. Tuliuliza Askari alipata wapi ugonjwa. Nyuma ya soko tukamkuta mbwa jike asiye na mwenyewe. Alikuwa amebaki mifupa. Uvimbe ulikuwa umeziba njia ya mkojo, na umeoza. Hakukuwa na wa kumshika kila wiki, wala wa kumlisha. Huyo nilimlaza kwa sindano, tukamzika kwa kina kirefu. Kijana wa yule mama alikuwepo. Aliniuliza, "Na huyu angekuwa na mwenyewe?" Nikamwambia ukweli: kama angeletwa mapema, huenda angepona kama Askari.

(MUZIKI MFUPI.)

Nimesema sana juu ya saratani moja. Zipo nyingine ambazo haziambukizi. Mbwa jike aliyezeeka anaweza kuota uvimbe kwenye matiti. Anza kumpapasa tumbo mara moja kwa mwezi, titi moja moja mpaka la mwisho. Ukikuta kitu kigumu kama kokoto, mwonyeshe mtaalamu kingali kidogo, maana saratani nyingine za titi husambaa mpaka kwenye mapafu. Huko mkasi hauwezi kufika. Mbwa jike akifungwa kizazi akiwa bado mdogo, hatari hiyo inapungua sana. Vilevile tazama kidonda kisichopona, uvimbe unaokua mwezi hadi mwezi, mbwa anayekonda huku anakula, au damu ya pua isiyo na sababu. Siyo kila uvimbe ni saratani. Jipu huja haraka, lina joto na usaha. Na damu ya pua inaweza kuletwa na ugonjwa wa kupe. Ndiyo maana tunasema mpeleke apimwe, usihukumu kwa macho.

Sasa kuna anayesema: dokta, huku kwetu hakuna daktari wa mifugo, na dawa hiyo hatujaisikia. Ni kweli, mahali pengi ndivyo ilivyo. Fanya haya. Mfunge mbwa kwa kamba ndefu penye kivuli, ili asipandane. Weka maji. Osha pale penye damu kwa maji safi yenye chumvi kidogo, ukiwa umevaa glovu au mfuko wa plastiki mkononi. Toa taarifa kwa kiongozi wako wa mtaa au zoni, aulize ofisi ya makazi kama kuna afisa mifugo wa wilaya anayekuja. Ongeeni wenye mbwa kwa pamoja. Daktari kutoka mjini hawezi kuja kwa mbwa mmoja, lakini kwa mbwa ishirini atakuja, atachanja, atahasi, na wagonjwa atawaona siku hiyo hiyo. Kama mbwa anateseka na hakuna tiba, omba mtaalamu amlaze. Hiyo nayo ni huruma.

Na kinga je? Kinga ni kuzuia mbwa kupandana ovyo. Usiku mfungulie alinde, lakini jike akiwa kwenye joto mfungie ndani kwa wiki tatu. Hasi madume, funga kizazi majike inapowezekana. Usilete mbwa mgeni bila kumtazama. Uingereza, ambako mbwa hawaachwi kuzurura, ugonjwa huu ulikwisha kati ya mbwa wa huko. Haukuondolewa kwa mawe wala kwa sumu. Uliondoka pale mbwa walipokuwa na wenyewe wanaojua wamelala wapi.

Nawaaga kwa hilo. Mara ya mwisho nilipopita kwa yule mama ilikuwa jioni. Kabla sijapiga hodi, Askari alinibwekea kama mwizi. Nadhani bado anakumbuka sindano zangu. Asanteni kwa kunisikiliza.

(MUZIKI. UNASHUKA.)

MTANGAZAJI: Asante sana daktari. Ndugu wasikilizaji, haya ndiyo maswali ya vikundi. Jadilianeni, na anayejua kusoma awasomee wenzake.

1. Taja dalili tatu za saratani ya mbwa inayoambukizwa kwa kupandana. Inatofautianaje na damu ya mbwa jike aliye kwenye joto?

2. Inatofautianaje na kichaa cha mbwa? Mtu akiumwa na mbwa, afanye nini kwanza, na kwa dakika ngapi?

3. Kwa nini kukata uvimbe kwa wembe au kutega sumu ni hatari?

4. Kwa nini mbwa amalize sindano zote hata kama damu imekauka?

5. Katika mtaa wenu kuna mbwa wangapi, na wangapi wana wenyewe? Ni nani kati yenu atakayepeleka majina kwa kiongozi wa mtaa ili daktari wa mifugo aombwe aje?

Tukutane tena katika kipindi kijacho. Kwaherini, na mlale salama.

(MUZIKI WA KUFUNGA.)